Shanta la Mchele

Kwenye mstari wa kumalizia, katika jangwa la New Mexico huko Marekani, kuna mizani. Mtu amekwishatembea kilomita 42, midomo imempasuka, nyayo zimejaa malengelenge, lakini kukaa bado. Kwanza avue shanta mgongoni lipimwe. Likiwa chini ya ratili 35, yaani kilo 16 hivi, anaondolewa kwenye kundi la wabeba mizigo mizito, hata kama amewatangulia wenzake wote. Baada ya hapo shanta hufunguliwa, na kinachotoka humo mara nyingi ni mifuko ya mchele na maharage. Chakula hicho hukusanywa na kupelekwa kwa wanaogawia chakula watu wasiojiweza.

Haya ndiyo matembezi ya kumbukumbu ya Bataan, yanayofanyika kila mwaka mwezi Machi ndani ya uwanja wa majaribio ya makombora wa White Sands. Wanaoyasimulia husimulia miguu: umbali, upepo, mchanga, jua. Mimi naona kwamba ukitaka kuyaelewa, uanze na tumbo. Wanajeshi wanaokumbukwa pale walishindwa na njaa kabla ya kushindwa na Wajapani. Wengi waliokufa baadaye waliuawa na njaa na maradhi yanayofuatana nayo. Na katika simulizi za waliopona, mara nyingi sana yumo mtu aliyetoa tonge ambalo hakuna aliyemlazimisha kulitoa.

Bataan ni rasi ya kisiwa cha Luzon, Ufilipino, iliyojaa milima na misitu, inayotazamana na Manila ng'ambo ya ghuba. Mwaka 1941 Ufilipino ilikuwa bado chini ya Marekani, ikiwa na serikali yake ya ndani na ahadi ya kupewa uhuru mwaka 1946. Wajapani waliishambulia tarehe 8 Desemba 1941, saa chache tu baada ya kuishambulia bandari ya kijeshi ya Marekani ya Pearl Harbor, na kabla ya Krismasi majeshi yao makubwa yalikuwa yameshuka pwani ya Lingayen.

Mpango wa zamani wa Marekani ulikuwa mwepesi kueleweka. Mambo yakiharibika, wanajeshi warudi nyuma hadi Bataan, wakae huko juu ya akiba ya chakula cha miezi sita, wasubiri meli za kuwaokoa. Jenerali Douglas MacArthur hakuupenda. Aliuona ni mpango wa watu waliokata tamaa, akaamua adui azuiwe kwenye fukwe, na chakula na risasi vikatawanywa kwenye maghala ya mbele kufuata uamuzi huo. Fukwe ziliposhindwa kushikiliwa, akaurudia mpango aliokuwa ameudharau. Wanajeshi walirudi Bataan kwa ustadi mkubwa. Chakula kilibaki nyuma.

Kilichobaki katika mji wa Cabanatuan ndicho kinachouma zaidi. Kulikuwa na maghala ya serikali yaliyojaa mchele, wa kulisha jeshi lile kwa miezi mingi. Lakini sheria ya Ufilipino ya wakati huo ilikataza kuhamisha mchele kutoka jimbo moja kwenda jingine, na hakuna mkubwa aliyekuwa tayari kuivunja. Malori yakapita. Nchi imevamiwa, mji mkuu unakaribia kuanguka, na mchele unakaa ghalani kwa kuheshimu kanuni ya biashara ya nafaka. Katika makosa yote ya vita ile, na yalikuwa mengi, sijui lingine lililogharimu roho nyingi kiasi hicho kwa sababu ndogo kiasi hicho.

Mpango ulikuwa umehesabu watu 43,000. Walioingia rasini walikuwa wanajeshi kama 80,000, na nyuma yao raia 26,000 waliokimbia makwao. Tarehe 5 Januari 1942 posho ilikatwa nusu, na kufikia Machi ilikuwa imekatwa tena. Wakala nyati wa kulimia, kima, kila kilichopita mbele yao. Kikosi cha 26 cha askari wa farasi, ambacho wapiganaji wake walikuwa Wafilipino, tarehe 16 Januari kilikuwa kimefanya shambulio linalotajwa mara nyingi kuwa la mwisho la farasi katika historia ya jeshi la Marekani, kwenye kijiji cha Morong. Miezi miwili baadaye farasi hao walichinjwa wakaliwa. Jenerali Jonathan Wainwright, mpenda farasi kupindukia, naye alimtoa wake, aliyeitwa Joseph Conrad. Mwenye njaa hana miko.

MacArthur aliondoka kwa amri ya Rais Roosevelt mwezi Machi, akaenda Australia. Dawa ya kwinini ilikwisha, malaria ikatawala, na askari waliokuwa kwenye mahandaki walikuwa hawana nguvu ya kupanda kilima na bunduki mkononi. Tarehe 9 Aprili Jenerali Edward King alisalimu amri bila kuwauliza wakubwa wake, akijua kwamba akipona angeweza kufikishwa mahakama ya kijeshi. Nadhani alifanya lililo sawa. Kuendelea siku nyingine kungekuwa kuua watu kwa ajili ya taarifa ya habari.

Mateka walikuwa karibu mara mbili ya idadi ambayo Wajapani waliitarajia, na wengi walikuwa wagonjwa tayari. Jenerali Masaharu Homma alitaka waondolewe haraka ili njia ipatikane ya kukishambulia kisiwa cha Corregidor. Amri ikawa waende kwa miguu: kutoka Mariveles, ncha ya rasi, hadi stesheni ya San Fernando, kilomita kama 100. Wafilipino walikuwa zaidi ya 60,000, Wamarekani kama 10,000. Walitembea chini ya jua la Aprili, mwezi wa joto kali huko. Visima vilitiririka kando ya barabara lakini aliyechepuka kunywa alichomwa singe. Aliyeanguka akashindwa kuinuka alipigwa risasi au alichinjwa. Kwenye bonde la mto Pantingan, mamia ya maofisa na wadogo wao kwa cheo, Wafilipino karibu wote, walifungwa waya mikononi wakakatwa kwa panga na singe. Pale Lubao walisokomezwa kwenye ghala la mabati. San Fernando walipakiwa mabehewa ya mizigo, mia na zaidi kwenye behewa moja, milango ikafungwa. Waliokufa ndani walikufa wamesimama kwa sababu nafasi ya kuanguka haikuwapo. Kutoka stesheni ya Capas zilibaki kilomita kama 13 za mguu hadi kambi ya O'Donnell.

Hesabu ya waliokufa njiani haikuwahi kuafikiwa. Wamarekani wanatajwa mia tano, mia sita. Wafilipino maelfu, na makadirio yanatofautiana sana. Kambini O'Donnell, miezi michache tu, walikufa Wamarekani wapatao 1,500 na Wafilipino zaidi ya 20,000.

Kuna watu wengine kwenye barabara ile ambao ningependa msomaji awatazame vizuri. Wanakijiji wa Balanga, Orani, Lubao na vitongoji vya katikati walitoka na kusimama kandokando. Walibeba wali uliofungwa kwenye majani ya mgomba, vipande vya muwa, mayai, maji kwenye makopo. Walirusha. Mateka wa mbele akikosa, wa nyuma alidaka. Wanawake walivalia sketi pana ili mfungwa aweze kujificha nyuma yao na kutoroka. Waliokamatwa wakifanya hivyo walipigwa, na wengine waliuawa hapo hapo. Hawakuwa wanajeshi. Hakuna aliyewaandikisha, hakuna aliyewalipa, na wengi wao walikuwa na upungufu wa chakula nyumbani kwao.

Sasa jangwa la New Mexico linaingiaje katika habari ya kisiwa cha tropiki? Linaingia kwa damu. Kikosi cha 200 cha mizinga ya kutungulia ndege kilitokana na askari wa akiba wa jimbo hilo, vijana wa Deming, Taos, Albuquerque na miji mingine midogo. Wengi walikuwa wa asili ya Kihispania, wengine Wanavajo na watu wa Pueblo. Maelezo yanayorudiwa sana ni kwamba walichaguliwa kwenda Ufilipino kwa sababu wengi walijua Kihispania, lugha ambayo wakubwa walidhani ingewafaa huko. Walifika Septemba 1941. Kati ya vijana 1,800 hivi waliokwenda, zaidi ya 800 hawakurudi. Jimbo lenyewe wakati huo lilikuwa na watu nusu milioni tu. Kulikuwa na miji ambako simu ya maandishi kutoka wizara ya vita ilipita mtaa mzima, nyumba kwa nyumba.

Ndiyo maana walioyaanzisha matembezi hawakuwa serikali ya Washington. Mwaka 1989 wanafunzi wa mafunzo ya uofisa katika New Mexico State University, mjini Las Cruces, waliamua kutembea kuwakumbuka watu wa jimbo lao, baadhi yao wakiwa na ndugu waliokuwa kwenye msafara ule. Walitembea watu wapatao mia. Mwaka 1992 askari wa akiba wa New Mexico walijiunga nao, na matembezi yakahamia White Sands. Tangu hapo yamekosekana mara chache sana: mwaka 2003, vita vya Iraki vilipohitaji watu walewale ambao wangesimamia njia, na tena mwaka 2020 kwa sababu ya korona. Kabla ya ugonjwa huo washiriki walikuwa wamezidi 8,000.

Njia ni mbili. Ya heshima ni kilomita 23 hivi. Kamili ni maili 26.2, umbali wa marathoni. Watu hukusanyika kabla ya alfajiri, baridi ya jangwani ikiwa kali, wamevaa makoti wanayojua watayavua saa mbili baadaye. Bendera hupandishwa. Halafu huitwa majina. Manusura akiwapo hujibu. Yanafuata majina ya waliofariki tangu matembezi ya mwaka uliopita, na hayo hayajibiwi. Miaka ya mwanzo wazee walijaza safu ya viti karibu na mstari wa kuanzia na watembeaji walisimama kuwapa mkono kabla ya kuingia njiani. Safu hiyo ilipungua mwaka hadi mwaka, na viti vikachukuliwa na watoto na wajukuu.

Baada ya hapo ni mguu tu. Lami kidogo, kisha vumbi, kisha mwinuko mrefu wa kuuzunguka mlima wa Mineral Hill, upepo ukija usoni. Kuelekea mwisho, wakati goti halitaki tena kukunjwa, kuna korongo la mchanga laini ambamo kila hatua inarudi nusu nyuma. Wenye mashanta mazito wanalichukia kuliko kitu chochote. Wapo askari wenye buti, wanafunzi, bibi wenye fimbo, na wapo waliopoteza miguu Iraki na Afghanistani wanaotembea kwa miguu ya bandia. Kila baada ya maili chache kuna kituo chenye maji, machungwa na ndizi, na wauguzi wa kutoboa malengelenge na kufunga plasta.

Kuna wanaoyakosoa matembezi haya wakisema ni maigizo: unawezaje kuenzi mateso kwa siku moja yenye machungwa na plasta, na medali mwishoni? Hoja hiyo ingekuwa na nguvu kama mtu angedai kuiga kilichotokea. Sijui mwenye akili timamu anayedai hivyo. Mtu anayetembea White Sands anaweza kuacha dakika yoyote, akapandishwa gari na kupewa supu. Wapo pia wanaokwenda kwa ajili ya picha na medali. Sina ugomvi nao, maana kila hitima ina waliofuata pilau. Kinachonivutia ni kwamba kati ya njia zote za kujitesa kidogo kwa heshima ya wafu, watu hawa walichagua kubeba chakula na kukitoa mwishoni. Wangeweza kubeba matofali. Mchele ule unafika kwenye sufuria ya mtu.

Aliyewafundisha watembeaji maana ya hilo kuliko yeyote alikuwa Ben Skardon. Alizaliwa 1917, akahitimu chuo cha Clemson, South Carolina, mwaka 1938, na Bataan aliongoza kombania ya wanajeshi wa Kifilipino. Alinusurika katika msafara. Kambini Cabanatuan, mji uleule wa maghala ya mchele, alishikwa na malaria, kuhara na beriberi kwa pamoja, akawa hawezi kula wala kujisafisha. Wahitimu wenzake wawili wa Clemson, Henry Leitner na Otis Morgan, walimbeba. Walimlisha kwa kijiko, walimwosha, walimsugua miguu iliyovimba. Skardon alikuwa amefanikiwa kuficha kitu kimoja: pete yake ya dhahabu ya kuhitimu chuo. Kwa idhini yake waliibadilisha na walinzi, wakapata kopo la nyama ya nguruwe na kuku mmoja mzima. Walimpa kidogokidogo, supu kwanza, mpaka akasimama.

Habari yake haikuishia hapo. Desemba 1944 alipakiwa kwenye meli ya Oryoku Maru, mateka zaidi ya 1,600 wakiwa chini ya sitaha, wakipelekwa Japani. Ndege za Marekani, bila kujua nani yumo, ziliizamisha. Alipelekwa kwenye Enoura Maru. Nayo ikalipuliwa na ndege za nchi yake Januari 1945, bandarini Formosa, yaani Taiwan. Alinusurika zote mbili, na vita vilipokwisha alikuwa Manchuria. Leitner na Morgan hawakurudi. Yeye alirudi, akabaki jeshini hadi ukanali, kisha akafundisha Kiingereza chuoni Clemson, na kwa miaka mingi hakupenda kuzungumzia mambo yale. Alipokaribia miaka 90 akaanza kwenda White Sands. Wengine wa rika lake walikaa vitini wakapokea mikono, yeye alitembea. Lengo lake lilikuwa maili 8.5, kilomita kama 14, akizungukwa na wafuasi waliovaa rangi ya machungwa ya Clemson. Mwaka 2018 alitembea akiwa na miaka 100. Alisema mara nyingi kwamba anatembea kwa ajili ya Leitner na Morgan. Alifariki Novemba 2021, akiwa na miaka 104.

Jambo moja kuhusu mahali lisipitwe. Ndani ya eneo hilohilo la White Sands, upande wa kaskazini, ndiko bomu la kwanza la nyuklia lilikojaribiwa, tarehe 16 Julai 1945. Njia ya matembezi haifiki huko. Mateka wengi wa New Mexico waliokuwa wakifanya kazi ngumu kwenye migodi ya Japani waliachiwa kwa sababu ya silaha iliyojaribiwa jimboni kwao, na familia nyingi za New Mexico huishi na mambo hayo mawili bila kuyasuluhisha.

Ufilipino nayo inakumbuka kwa namna yake. Tarehe 9 Aprili ni sikukuu ya taifa, Araw ng Kagitingan, siku ya ushujaa. Kando ya barabara kutoka Mariveles vigingi vyeupe vinahesabu kila kilomita ya msafara, na wapo wanaoifuata njia hiyo kwa mguu au kwa mbio. Mahali palipokuwa kambi ya O'Donnell ilipandwa miti kama 31,000, mmoja kwa kila aliyefia pale kwa hesabu yao. Mtu anayetaka kutembea katika barabara yenyewe, na si katika ukumbusho wake, aende huko.

Lakini hao Wafilipino walitendewaje na bendera waliyoifia? Julai 1941 Roosevelt aliliita jeshi la Ufilipino litumike chini ya Marekani, na wanajeshi wake walielewa kwamba watahesabiwa kama wanajeshi wengine wa Marekani, pensheni na matibabu vikiwemo. Februari 1946 Bunge la Marekani lilipitisha sheria iliyosema kwamba utumishi wao usihesabiwe kuwa utumishi wa jeshi la Marekani kwa ajili ya mafao mengi ya wastaafu. Rais Truman alitia saini huku akilalamika. Askari wa KAR, jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki, waliotoka Kenya, Uganda, Nyasaland na Tanganyika kwenda kupigana na Wajapani haohao Burma wangeielewa sheria ile bila mkalimani: walipoagwa jeshini walipewa kiinua mgongo kwa kiwango cha rangi, Mwafrika akipata sehemu ndogo ya alichopewa Mzungu wa cheo kilekile.

Wafilipino walidai kwa miaka 63. Mwaka 2009 Marekani ilikubali kuwalipa mara moja tu: dola 15,000 kwa aliyekuwa raia wa Marekani, dola 9,000 kwa asiye raia. Medali ya dhahabu ya Bunge walikabidhiwa mwaka 2017. Wengi walikuwa wamekwishazikwa.

Kwa hiyo ningewaomba waandaaji wa White Sands jambo dogo. Alfajiri ile, baada ya majina ya wanajeshi kuitwa, vitajwe kwa sauti vijiji: Limay, Balanga, Orani, Lubao. Huko ndiko walikotoka watu waliorusha wali kwenye barabara ya singe, na kila anayebeba kilo 16 za mchele jangwani anafuata mfano wao.